Macho ya Wasiokuwepo: Graham McNamee na Kazi ya Utangazaji

Mwanzoni mwa miaka ya 1920, mtangazaji wa redio kule Marekani hakuwa na jina. Kituo cha WJZ cha Newark kilikuwa na mtangazaji akiitwa Thomas Cowan, lakini waliokuwa wakimsikiliza majumbani hawakulijua jina hilo. Hewani Cowan alijitambulisha kwa herufi tatu tu, ACN: ya kwanza ikisimamia kazi yake, ya pili jina lake, ya tatu mji wa Newark. Wenye vituo waliona inatosha. Kazi ya mtangazaji ilikuwa kutaja mwimbaji, kutaja wimbo, kutaja kituo, kisha kunyamaza.

Usiku wa tarehe 22 Septemba 1927 mwanamume mmoja aliketi kando ya ulingo wa ndondi katika uwanja wa Soldier Field, Chicago, na watu wanaokadiriwa kufika milioni 50 wakawa wanasubiri afungue mdomo. Jina lake walilijua. Wengi walikuwa wameshamwandikia barua.

Mtu huyo ni Graham McNamee, na nataka kumwandika kwa urefu kwa sababu kila ninapokutana na habari zake nakuta hukumu ileile: alikuwa maarufu, sauti alikuwa nayo, ila alikosea mno. Ni kweli alikosea. Alichanganya wachezaji na kupotea katika hesabu za mchezo. Lakini kadiri ninavyozidi kusikiliza redio ya zamani ya Marekani, na huko ndiko ninakokwenda usiku nikishamaliza shughuli za mchana, ndivyo ninavyozidi kuamini kwamba waliomsahihisha hawakuielewa kazi ile kama alivyoielewa yeye.

McNamee alizaliwa Washington tarehe 10 Julai 1888, akakulia St. Paul, Minnesota. Mama yake alitaka awe mwanamuziki, akamkalisha kwenye piano, baadaye akamsukuma kwenye uimbaji. Kijana mwenyewe alipenda michezo: besiboli, ndondi, mpira wa magongo wa kwenye barafu. Akafanya kazi ya ukarani wa reli kwa muda. Alipohamia New York alijifunza sauti kwa bidii na kuwa mwimbaji wa baritoni, akiimba makanisani na kwenye kumbi za muziki. Akamwoa mwimbaji mwenzake, Josephine Garrett, aliyeimba sauti ya kwanza. Magazeti yalimsifu McNamee. Ila uimbaji wa namna ile una msimu wake, na msimu ukipita mfuko nao unakauka.

Mwaka 1923 mahakama ilimwita kukaa kwenye jopo la raia wanaoamua kesi. Huko Marekani huo ni wajibu wa kisheria, ukiitwa unakwenda. Mchana mmoja, wakati wa mapumziko ya chakula, alitembea hadi jengo namba 195 la Broadway, makao makuu ya kampuni ya simu ya AT&T, ambamo kituo cha WEAF kilikuwa na studio zake. Aliingia kuuliza kazi. Wakamweka mbele ya kipaza sauti, wakamsikiliza, wakamwajiri.

Hapa nitoke kidogo kwenye habari zake, maana kituo hicho hakikuwa kituo cha kawaida. AT&T walikuwa watu wa simu, na waliiendesha redio kwa akili ya simu: mwenye la kusema alipie muda, aseme. Tarehe 28 Agosti 1922 kampuni ya Queensboro ililipia nafasi, na msemaji wake akaongea kama dakika 10 akiwasifia watu nyumba za kupanga huko Jackson Heights, mbali na msongamano wa jiji. Watu wengi hulihesabu hilo kuwa tangazo la biashara la kwanza la redio. McNamee aliingia katika kituo hicho mwaka uliofuata. Nalitaja mapema kwa sababu maisha yake yote ya kazi yalikwenda kati ya mambo mawili yaliyokuwa ndani ya jengo lile: sauti ya mtu anayependa watu, na muda uliowekewa bei.

Kazi yake ya mwanzo ilikuwa ya kila namna. Alitangaza, alipokea wageni, mara nyingine aliimba mwenyewe. Agosti mwaka huohuo wa 1923 akapelekwa Polo Grounds kutangaza pambano la Harry Greb na Johnny Wilson, ambalo Greb alitwaa ubingwa wa uzito wa kati. Oktoba ikaja fainali ya besiboli, World Series, kati ya Yankees na Giants, timu mbili za New York.

Wakati ule iliaminika kwamba mchezo utangazwe na anayeujua, na wajuzi walikuwa waandishi wa magazeti. Kwa hiyo waandishi waliwekwa kwenye kipaza sauti, McNamee akawekwa kando kama msaidizi. Waandishi wale walikuwa hodari wa kalamu, lakini hewani walifanya vilevile walivyozoea kufanya kwenye karatasi: walisubiri tukio likamilike, wakalieleza kwa sentensi mbili safi, wakanyamaza hadi tukio lingine. Na besiboli ni mchezo wa kusubiri. Mrushaji anaupapasa mpira, anatazama huku, anatazama kule, anatema mate, anaanza upya. Dakika nzima inapita. Kwa aliye uwanjani dakika hiyo imejaa mambo. Kwa aliye nyumbani, sikio kwenye redio, dakika hiyo ni mngurumo mtupu. Katikati ya mchezo mmoja mwandishi aliyekuwa zamu alichoka akamwachia McNamee kipaza sauti. Hakukirudisha tena.

Alichokifanya ni kuijaza ile dakika. Alieleza anga. Alieleza kofia za watu, kelele zinatoka upande gani, nani kaingia, nani kanuna. Baadaye alipoieleza kazi yake kwa maandishi alisema kwamba ni lazima umfanye msikilizaji aliye maili nyingi ajione amekaa nawe jukwaani, na mifano aliyoitoa naipenda sana: chupa ya soda iliyorushwa hewani, mwigizaji Gloria Swanson akiwasili na koti lake jipya la manyoya, na McGraw, kocha wa Giants, aliyekaa bila kutikisika kumbe muda wote anatoa ishara kwa wachezaji wake. Tazama alichokichagua. Hakuna hata kimoja kati ya vitatu hivyo kinachoingia kwenye matokeo. Vyote vitatu ni vitu ambavyo jicho la mtu aliye pale lingevishika lenyewe, bila kutumwa.

Babu yangu mzaa mama alipoteza macho nikiwa bado mdogo. Siku za mpira tulimwekea redio barazani, sisi wajukuu tukakaa mkekani kumzunguka. Kila baada ya muda aliuliza: "Uwanja umejaa?" "Jua lipo?" "Wamevaa jezi gani hao?" Tukamjibu, "Babu, hajasema." Akaguna, akasogeza sikio. Mtangazaji alikuwa anataja majina, huyu kampa yule, yule kampa huyu, kwa kasi ya kusifika, na hakuna hata jina moja alilolikosea. Lakini babu hakuwahi kufika uwanjani kupitia kwake. Nikisoma watu wakimpigia McNamee hesabu ya makosa, namkumbuka yule mzee na maswali yake matatu, na najua McNamee angeyajibu yote kabla hajaulizwa.

Wenye kumbeza walikuwa na hoja, siwanyimi. Ring Lardner, mwandishi aliyeijua besiboli ndani nje, alisema baada ya kumsikia kwamba siku ile ilichezwa michezo miwili, mmoja uwanjani na mwingine redioni kwa McNamee. Maneno hayo yamemfuata hadi leo. Yanayosahaulika ni ya Heywood Broun, mwandishi mwingine mkubwa wa zama zile, aliyeona kwamba chombo kinaweza kuwa cha ajabu na bado kikachosha, na kwamba McNamee ndiye aliyeipa redio sababu ya kuwepo, kwa vile aliweza kupitisha kwenye waya hisia za mtu aliyekuwepo. Kati ya Lardner na Broun mimi niko kwa Broun. Lardner alikuwa na tiketi. Alichohitaji kwa mtangazaji ni kumbukumbu sahihi. Mkulima wa Ohio hakuwa na tiketi.

Mwaka 1924 ulimpima kwa namna nyingine. Chama cha Democratic kilikutana Madison Square Garden, New York, kumteua mgombea urais, na mkutano ukakwama. Walipiga kura tarehe 30 Juni, hakupatikana mtu. Wakarudia, na kurudia, kwa zaidi ya wiki, hadi raundi ya 103, ndipo akapita John W. Davis. Kila raundi majimbo yaliitwa kwa mpangilio wa alfabeti, kwa hiyo Alabama lilikuwa la kwanza siku zote, na siku zote lilitangaza kwamba kura zake 24 ni za mtu mmoja, Oscar W. Underwood. Wamarekani waliokuwa hawajawahi kusikia mkutano wa siasa maishani mwao waliishika sentensi hiyo wakaisema mitaani. McNamee alikuwa katika kibanda chake ndani ya ukumbi siku zote hizo, saa baada ya saa, joto la Julai, wajumbe wanapigana ngumi juu ya hoja ya kulilaani kundi la wabaguzi wa rangi, Ku Klux Klan, na yeye ana kazi ya kumweleza mtu aliye mbali kwa nini ukumbi umelipuka. Hapakuwa na mwongozo, kwa sababu hakuna aliyewahi kuifanya kazi hiyo kwa urefu ule. Naamini alitoka mle ndani akiwa mtu mwingine.

Mwaka uliofuata World Series ilikuwa kati ya Pittsburgh na Washington, na mchezo wa saba, tarehe 15 Oktoba 1925, ulichezwa katika mvua na ukungu. Uwanja wa Forbes Field uligeuka tope. Walter Johnson, mrushaji mkongwe wa Washington aliyekuwa amependwa nchi nzima kwa upole wake, alirusha mpira uliolowa huku akiteleza, na katika kipindi cha nane Kiki Cuyler akampiga pigo lililoleta ushindi. Pittsburgh 9, Washington 7. Ilikuwa hali ambayo hata aliyekuwa uwanjani alishindwa kuona vizuri kilichotokea mbali kule nyuma. Baada ya fainali ile McNamee alipokea barua zinazotajwa kuwa elfu 50.

Elfu 50. Nimejaribu kuwafikiria waandishi wa barua hizo. Wagonjwa hospitalini, watu wa mashamba yaliyofunikwa na umbali, wazee ambao miguu imegoma. Mtu hachukui kalamu na stempu kumwandikia msoma matokeo. Anamwandikia aliyemchukua akaenda naye.

Mwaka 1926 AT&T waliamua kujitoa katika utangazaji, wakaiuza WEAF kwa kampuni ya RCA kwa dola milioni 1, na juu yake ukajengwa mtandao wa NBC uliozinduliwa Novemba mwaka huo. Ghafla sauti ya McNamee haikuwa tena ya New York na jirani zake. Siku ya kwanza ya mwaka 1927 alitangaza Rose Bowl kutoka Pasadena, mpira wa Kimarekani kati ya Stanford na Alabama, matangazo ya kwanza ya mchezo yaliyounganisha pwani hadi pwani. Timu zilitoka sare ya 7 kwa 7. Juni alikuwa Washington kumpokea Charles Lindbergh, rubani aliyevuka Atlantiki peke yake. Taifa zima lilitaka kujua shujaa yukoje. McNamee alimweleza kijana anayekuja mbele bila majivuno, mkimya, mabega yameinama kidogo, amechoka. Mpiga tarumbeta angemtangaza kama mfalme. Yeye aliona mabega.

Kisha Chicago, Septemba, Jack Dempsey na Gene Tunney. Zaidi ya watu laki moja uwanjani, wengine wamekaa mbali kiasi kwamba mabondia walikuwa nukta mbili za mwanga. Raundi ya saba Dempsey akampiga Tunney mfululizo, Tunney akaketi chini, mkono kwenye kamba. Kanuni ilisema aliyeangusha aende kwanza kwenye kona isiyo ya mtu ndipo mwenzake ahesabiwe. Dempsey, kwa mazoea ya miaka yote, akabaki amesimama karibu. Mwamuzi Dave Barry akamsukuma aende, sekunde zikapita, hesabu ikaanza upya kwenye moja. Tunney aliinuka kwenye tisa akiwa amepumzika kama sekunde 14, akamaliza raundi 10 na kushinda kwa pointi. Watu wanabishana juu ya sekunde hizo hadi leo. Ila mimi nawafikiria walio nyumbani, wasioona kona wala kamba, waliokuwa na sauti moja tu ya kushika. Magazeti ya siku iliyofuata yaliripoti wasikilizaji kadhaa waliofariki kwa mshtuko mbele ya redio zao wakati wa pambano. Sauti ya mtu ilikuwa imefika mahali ambapo hakuna sauti ya binadamu iliyowahi kufika kabla.

Baada ya hapo kazi ikawekewa utaratibu, kama kazi yoyote yenye fedha inavyowekewa. NBC ilikuwa na kengele zake tatu, noti za G, E na C, ambazo mwanzoni mtangazaji alizigonga mwenyewe kwa kinyundo kidogo kwenye vibao vya chuma mbele ya kipaza sauti, ili vituo vyote vya mtandao vijue muda umefika wa kujitaja. Mwaka 1932 ikaja mashine iliyozigonga yenyewe. Watangazaji wa vipindi vya usiku walivaa suti nyeusi za sherehe, ingawa hakuna aliyewaona isipokuwa wanamuziki. Waombaji kazi walipewa karatasi zenye majina ya watunzi wa Kirusi, Kijerumani na Kiitaliano wasome bila kujikwaa. Mwaka 1929 Chuo cha Sanaa na Fasihi cha Marekani kikaanza kutoa nishani ya dhahabu kwa matamshi bora redioni, na wa kwanza kuipata akawa Milton Cross, mtu wa opera, mwenye sauti isiyo na doa. Namheshimu Cross, alitangaza opera za ukumbi wa Metropolitan wa New York kwa miaka mingi mno na aliipenda kazi yake. Lakini nishani ile iliweka kipimo, na kipimo kilikuwa usafi.

Kulikuwa pia na mlango ambao kipimo hicho hakikuwa na haja ya kuutaja. McNamee aliingia mtaani kwa miguu, saa ya chakula, akatoka na kazi. Mmarekani mweusi asingeingia hivyo, wala mitandao mikubwa haikumweka kwenye orodha ya watangazaji wake. Jack L. Cooper, mtu wa maigizo na magazeti, ilimbidi anunue muda kwenye kituo kidogo cha Chicago, WSBC, na tarehe 3 Novemba 1929 akaanzisha kipindi chake cha kila Jumapili, All-Negro Hour. Aliwaajiri watu wake, akatafuta wadhamini wake, akatangaza makanisa, michezo, habari za watu waliopotezana na ndugu zao katika uhamaji mkubwa kutoka kusini. Wanawake nao walipewa vipindi vya mapishi, wakanyimwa habari kwa madai kwamba wasikilizaji hawapendi sauti zao. Nikisikia watu wakiiita miaka ile enzi ya dhahabu ya redio, nakubali kuhusu ufundi, na papo hapo najiuliza ni macho ya nani mengine tulinyimwa. Cooper anastahili makala yake, nami nitaiandika.

Turudi kwa McNamee. Mtandao wa CBS ulikuwa na kijana wake, Ted Husing, aliyezaliwa 1901, na huyu alikuwa kinyume chake katika kila jambo. Husing alijiandaa. Alijua majina yote, alikuwa na msaidizi na ubao wa taa wa kumwonyesha nani kashika mpira. Nyuma yake wakaja wengine kama Red Barber, walioichukua michezo kuwa taaluma. Kufikia katikati ya miaka ya 1930 matangazo makubwa ya michezo yalikuwa yanakwenda kwa watu hao, na ilikuwa haki yao, maana msikilizaji naye alikuwa amekua. Aliyesikiliza besiboli kwa miaka 10 alijua kuhesabu. Makosa aliyoyavumilia mwaka 1923 yalimuudhi mwaka 1933. McNamee ndiye aliyemfundisha kusikiliza, na msikilizaji aliyefundika akamtaka mwalimu mwingine.

Wengi wanapofika hapa huandika habari ya mtu aliyeporomoka. Mimi sioni hivyo, au sioni hivyo tu. Tarehe 26 Aprili 1932 alianza kazi ya pembeni mwa mchekeshaji Ed Wynn, katika kipindi kilichodhaminiwa na Texaco, wauzaji wa petroli. Wynn alikuwa mkongwe wa jukwaani aliyezoea kuona nyuso za watu, na kipaza sauti kilimtia hofu ya kweli. Alidai awe na watu ukumbini, akavaa kofia ya zimamoto na mavazi kamili ya kuchekesha kana kwamba wasikilizaji wangemwona. Na kando yake akasimama McNamee, kazi yake kuuliza maswali, kusoma tangazo la petroli, na kucheka.

Usikidharau kicheko kile. Mchekeshaji wa redio hamwoni anayemchekesha. Anahitaji mtu mmoja aliye karibu, anayesikia mara ya kwanza, anayeshindwa kujizuia. McNamee alicheka hivyo. Kisha alipoanza kusoma tangazo, Wynn alimkatiza, akamtania juu ya petroli yenyewe, na mdhamini aliyekuwa amelipia kila sekunde akakubali, kwa sababu watu walilisikiliza tangazo ambalo zamani walilikimbia jikoni. Mwanzoni alikuwa macho ya mtu wa nyumbani. Sasa alikuwa masikio yake, amekaa ukumbini badala yake. Ni kazi ileile.

Njia hiyo ndiyo waliyopita waliomfuata. Don Wilson, mzaliwa wa Lincoln, Nebraska, alianza kama yeye, mwimbaji kisha mtangazaji wa michezo, na mwaka 1934 akajiunga na mchekeshaji Jack Benny. Akakaa naye hadi 1965, redioni kisha kwenye televisheni. Unene wa Wilson ukawa sehemu ya mzaha, kicheko chake kikubwa kikawa sehemu ya sauti ya kipindi, na matangazo ya mdhamini, kitindamlo cha Jell-O, akayaingiza ndani ya hadithi hadi hujui limeanza lini. Ni maisha ya kazi yenye utulivu ambao McNamee hakuupata. Wilson alikuwa na nyumba. McNamee alikodishwa huku na huku, na kuanzia miaka ya 1930 sauti yake ilisikika pia kwenye filamu za habari za Universal zilizoonyeshwa sinema kabla ya picha kubwa, akisoma maandishi ya wengine juu ya picha zilizopigwa na wengine. Hilo ndilo linaloniuma katika habari yake. Michezo kwenda kwa wajuzi naielewa. Lakini kumpa mtu yule picha zilizokamilika, ambazo mtazamaji anajionea mwenyewe, ni kumwondolea kile alichokijua kuliko wote.

Alifanya kazi hadi mwisho. Aprili 1942 alikuwa bado hewani. Akaugua, akalazwa, na tarehe 9 Mei 1942 akafariki New York, akiwa na umri wa miaka 53. Miaka 74 baadaye, mwaka 2016, ukumbi wa kumbukumbu wa besiboli wa Cooperstown ulimpa tuzo ya Ford C. Frick, inayotolewa kwa watangazaji wa mchezo huo. Kwa mtu aliyesutwa maisha yake yote kwamba haijui besiboli, ilichelewa sana, lakini nilifurahi kuisoma.

Mengi aliyoyatangaza miaka ya 1920 hayakurekodiwa. Yalitoka mdomoni yakaenda. Anayetaka kumsikia leo atakutana kwanza na zile filamu za habari, kwa kuwa Universal walizikabidhi kwa Hifadhi ya Taifa ya Marekani na zimejaa kwenye intaneti. Msianzie hapo. Pale anasoma kwa sauti ya juu, haraka, kama alivyoagizwa. Tafuteni vipindi vya Ed Wynn vya miaka ya 1932 hadi 1935, ambavyo baadhi vimesalimika. Ubora wa sauti ni mbaya, mizaha mingine imepitwa na wakati, na zingine zitawapita kabisa. Ruka mizaha, msikilize McNamee anapoanza lile tangazo la petroli huku akijua fika kwamba atakatizwa, na sentensi yake ya tatu inapoanza kutetemeka kabla Wynn hajasema kitu.